Kuonja vitamu Mji Mkongwe: kampuni, mwenyeji, au tujitembeze wenyewe?

NjiapandaMoro (mwenye uzi)

Habarini wadau. Mwezi ujao navuka kwenda Unguja na mama mkwe, siku mbili tu. Hataki ufukwe, hataki kasa, hataki shamba la viungo. Anataka kula halua pale inapopikwa, basi. Miaka yote amekula ya kuletewa, ile inayofika Morogoro imeshaota sukari juu, ngumu kama kipande cha sabuni, na kila mara anasema: hii siyo, ipo nyingine.

Nimepata njia tatu na nashindwa kuchagua. Kuna kampuni inayotembeza watu kwa miguu Mji Mkongwe kuonja vitamu: muda wa saa tatu, vituo sita, dola 35 kwa kila mtu, gharama za kuonja zimo humo humo. Kuna kijana mwenyeji niliyeunganishwa naye na mfanyakazi mwenzangu. Yeye anasema "nitawazungusha, mtanipa mtakachojaaliwa", na hapo kwenye kujaaliwa ndipo ninapoogopa. Halafu kuna kushuka kwenye boti tukajitembeza wenyewe, maana Kiswahili tunakijua, tutaulizia.

Magoti ya mama si ya kupanda ngazi, na ana kisukari, yuko kwenye vidonge. (Ndiyo, najua. Msinianzie.)

BarazaYaMkunazini

Karibuni Unguja. Mimi nimezaliwa hapa hapa mjini, kwa hiyo nivumilie nikianza kwa kulikosoa swali. Unauliza nani akutembeze, kumbe la kuulizwa kwanza ni saa ngapi. Vitamu vya hapa vina saa zake. Asubuhi ni zamu ya vitumbua na mkate wa kumimina. Ukichelewa mpaka saa tano unakuta karai limeshaoshwa. Kahawa ya barazani inachangamka baada ya alasiri, na kashata hufuata kahawa. Forodhani usiende mchana, utakuta bustani na paka. Meza zinapangwa jua likikaribia kuzama, ndipo utakapokunywa juisi ya miwa iliyokamuliwa pamoja na ndimu na tangawizi. Halua yenyewe haina saa. Inategemea mpishi kawasha moto lini, na hilo hulijui mpaka uwe na mtu wa kumuuliza.

Sasa itazame ile ziara yako ya saa tatu. Inaanza saa ngapi? Ikiwa ni saa nane mchana, vitumbua vimekwisha, kahawa bado, Forodhani bado. Utalipa dola 35 kuonja vilivyopoa.

Umbali usikutishe. Kutoka sokoni Darajani mpaka Forodhani ukikatiza katikati ni kama robo saa, na pametandazwa, hakuna mlima. Kinachosumbua ni vichochoro. Kuta ni ndefu, simu inapoteza njia, unajikuta unazunguka nyumba ile ile mara tatu huku vespa inakupigia honi mgongoni. Mama mshike upande wa ukutani.

KulaKwanza

Nililipia ziara ya namna hiyo mwaka jana, jina la kampuni silitaji. Niseme haki yao kwanza: dada aliyetuongoza alikuwa anajua. Alitusimamisha mbele ya kanisa la Mkunazini, palipokuwa na soko la watumwa, akasimulia bila kuruka na bila kuigiza. Alitueleza pia halua ilivyoshikamana na Waarabu wa Oman, na jinsi sultani wao Sayyid Said alivyohamishia makao yake Unguja kwenye karne ya 19 na watu wakaja na mapishi yao. Hayo usingeyapata kwa kujitembeza.

Ila vituo sita, viwili vilikuwa vya kununua vinyago na pakiti za viungo. Vilivyobaki vinne tulionja kipande cha ukubwa wa ukucha kwenye kijiti cha kuchokolea meno. Halua ilikatwa kwenye sinia dukani. Nzuri, lakini ilikuwa imepikwa juzi yake, mwenye duka mwenyewe alikiri. Tulikuwa watu kumi na moja, na wenzangu kila kichochoro picha, kila mlango picha. Mama mwenye magoti atasimama sana kuliko kutembea, na kusimama ndiko kunakoua magoti.

Kama mngekuwa wageni msiojua lugha, ningesema lipeni. Kwa nyinyi naona ni hela nyingi kwa kijiti.

NjiapandaMoro

Hicho kijiti kimenimaliza. Lakini tukienda wenyewe, mpishi tutampataje? Si kuna maduka tu?

MjukuuWaMpishi

Hapo ndipo penyewe. Babu yangu alipika halua, mimi nikaishia kuwa fundi umeme, ila kwenye lile sufuria nimesimama vya kutosha.

Wanga unakorogwa na maji pembeni. Sukari inachemshwa mpaka ibadilike rangi, wanga unamiminwa, na kuanzia hapo mwiko hausimami. Ukiusimamisha dakika mbili wanga unashika chini na kuungua, na ile harufu haitoki hata usage kungumanga nzima. Mwiko ni mrefu kama kasia, unausukuma kwa mwili, mikono peke yake haitoshi. Samli inaingia kidogo kidogo. Mwanzoni halua inaimeza, unaongeza, inameza tena. Baada ya saa kadhaa inaanza kuirudisha: unaona mng'ao unatambaa pembeni mwa sufuria. Babu alikuwa akisema "imeshiba", ndipo anaita iliki, kungumanga, zafarani kwa mwenye uwezo, lozi au korosho. Na ikikurukia mkononi haidondoki, inanata pale pale na moto wake. Mikono yake ilikuwa na madoa mpaka kwenye kiwiko, sisi watoto tulikuwa tunayahesabu.

Kwa hiyo mama mkwe wako yuko sahihi. Ya moto ni kitu kingine, inavutika, haikatiki. Ikishapoa ibonyeze kwa kidole: iliyo nzima inarudi, iliyolala inavunjika. Ile sukari inayoota juu siyo kuharibika, ni uzee, sukari inajitenga na kurudi kuwa chembe. Ukiipasha kwa moto mdogo na matone ya maji inalainika kiasi, ila haiwi ile.

Sasa jibu lako. Jiko la halua si duka. Liko uani, kuna moto, watu wako kazini, hawataki kundi la watu kumi na moja. Mtu anayemjua mpishi akimwambia "nina mama yangu mmoja, anataka kuona", mlango unafunguka. Mimi nakuchagulia njia ya pili, kwa sharti kwamba huyo kijana kweli ni wa mtaani na si papasi, wale wa kudaka wageni na kuwazungusha.

Mlalahoi77

Kuhusu mapapasi nina shahada. Nilichagua njia ya tatu, kujitembeza. Sijafika mbali na geti la bandari, pale mtaa wa Malindi, kijana akanidaka: "Kaka, umepotea?" Sijapotea. "Unatafuta nini?" Nikajitia ujuaji nikasema halua. Akanipeleka. Tulitembea nusu saa, nikashangaa mji kumbe mkubwa, mpaka nilipouona mlango ule ule wa bluu kwa mara ya pili. Tukaishia duka la binamu yake la viungo, halua hamna, nimetoka na vanila ambayo mpaka leo sijui niiweke kwenye nini. Halafu akadai elfu 30 ya "usumbufu". Wa nani?

Kwa hiyo kijana wako mwombe kitambulisho. Waongoza watalii wa Zanzibar wanasajiliwa na Kamisheni ya Utalii, wana kadi yenye picha. Asiye nayo si lazima awe mwizi, lakini siku mkigombana huna pa kumshtaki. Na hilo la "mtakachojaaliwa" jaaliwa mapema, kwenye simu, kwa tarakimu.

MombasaKwetu

Napita tu. Mbona mhangaike na maboti? Njooni Mji wa Kale huku kwetu, mshuke Fort Jesus, mwingie Ndia Kuu kwa miguu. Halua iko, kahawa tungu iko, kaimati, mabuyu, labania…

BarazaYaMkunazini

Yakhe, mtu kasema siku mbili na anatokea Morogoro. Fort Jesus tunaijua, ilianza kujengwa 1593, hongereni. Uzi wa halua ya Mombasa fungua wako.

MombasaKwetu

Haya nimenyamaza. Lakini labania yetu hamuipati.

BarazaYaMkunazini

Kwa labania nakunyamazia.

NesiMstaafu

Mwanangu NjiapandaMoro, hukutaka tukuanzie, nami sikuanzii, nakumalizia. Halua ni sukari, wanga na samli, hakuna cha kuzunguka hapo. Kipande kimoja mgawane wawili, na kiwe baada ya chakula. Kosa ninaloliona kwa wazee wakienda kwenye karamu ni kushinda njaa ili "wabakize nafasi". Asifanye hivyo. Vidonge vingine vya kisukari mtu akivinywa na asile, sukari inashuka mpaka anaanguka, tena katikati ya kichochoro. Kipimo chake mkibebe. Juisi ya miwa aonje funda tu, hiyo inapanda haraka kuliko halua. Kahawa chungu ni rafiki yake, na kule hupikwa bila sukari, utamu ni ile kashata unayotafuna pembeni, ambayo ataiacha.

Na avae viatu vya kufunika vidole, si kandambili. Mguu wa mwenye kisukari ukijikwaa kwenye jiwe, kidonda chake si cha siku mbili.

KulaKwanza

Nyongeza moja: angalieni tarehe isiangukie Ramadhani. Mchana hamtakula barabarani, na hata mkipata mtu wa kuwauzia, si adabu. Ila kwa mwenye kusubiri, alasiri ya Ramadhani kalimati zinatoka za kutosha mji mzima.

BarazaYaMkunazini

Kweli. Na mavazi, mabega na magoti yafunikwe, hasa mkipita Malindi na Kiponda. Huu ni mji wa watu wanaoishi humo, hata kama UNESCO waliuandika kwenye urithi wa dunia mwaka 2000.

Ningekuwa wewe ningefanya hivi: asubuhi mjipeleke wenyewe Darajani, mle vitumbua vya moto, huhitaji mtu kwa hilo. Kijana mchukue kwa ajili ya jiko la halua peke yake, mpatane nusu siku. Alasiri mkae Jaws Corner. Mama apate baraza ya kukalia, muuza kahawa atakuja na dele lake (birika la kahawa), makaa chini, vikombe vinalia mkononi. Pale hakuna tiketi, kuna wazee wanaogombana siasa na mpira. Jioni, magoti yakikubali, Forodhani, yasipokubali, mmeshakula.

NjiapandaMoro

Nimeelewa. Kampuni naiacha. Nitarudi na mrejesho.

Mlalahoi77

Wote wanasema hivyo.

NjiapandaMoro

Nimerudi (Mlalahoi, umeaibika).

Kijana tulipatana elfu 40 kwa nusu siku, kadi anayo, nilimwomba aipige picha kabla hatujavuka na hakununa. Siku ya kwanza tulikwama: tumefika jikoni, moto haujawashwa, mpishi kaenda msibani. Mama hakusema kitu, na nyinyi mlio na mama wakwe mnajua kutosema kitu maana yake nini. Tukaenda barazani, akanywa kahawa vikombe vitatu, akamsikiliza mzee mmoja akimlaumu refa wa mechi ambayo kwa hesabu zangu ilichezwa mimi nikiwa shule ya msingi.

Siku ya pili simu ikaita saa mbili asubuhi: njooni, wameanza. Ua ulikuwa mdogo, una moshi, sufuria la shaba limekaa juu ya kuni, vijana wawili wanapokezana mwiko. Mama alipewa kigoda. Akakaa muda mrefu anatazama, halafu akainuka, magoti na yote, akaomba mwiko. Yule kijana akanitazama mimi, mimi nikatazama pembeni. Alikoroga labda mizunguko sita. Akaurudisha, akamwambia, "Mwanangu, mnauza bei rahisi sana."

Walimchotea kwenye kisahani, bado inafuka. MjukuuWaMpishi, ni kama ulivyosema, inavutika. Alikula nusu, nusu akanipa, na kipimo cha jioni kilikaa vizuri, NesiMstaafu asante. Forodhani hatukufika, magoti yaligoma.

Tulinunua kilo mbili kwenye vikapu vya ukili. Kimoja cha majirani, tumeshagawa. Cha pili amekifungia kabatini kwake. Ukipita karibu unasikia iliki, na ufunguo ameufunga kwenye pindo la kanga.