Naomba ushauri: mbegu zetu za asili zinapotea

Habari zenu ndugu. Jamii yetu imelima ulezi, mtama na kunde kwa kuchanganya tangu enzi za mababu, na mbegu tulijitunzia wenyewe. Sasa karibu kila kaya imehamia mahindi chotara ya kuuza. Siwalaumu, maana yanazaa sana na ada za watoto zinapatikana. Tatizo ni kwamba ukipanda tena mbegu ulizovuna, mavuno hushuka, hivyo kila msimu lazima ununue mbegu na mbolea, mara nyingi kwa mkopo. Mvua ikikatika mapema mahindi yanakauka, deni linabaki. Ulezi ungestahimili, tena hukaa ghalani miaka bila kubunguliwa.

Kinachoniumiza zaidi ni mama zetu wazee. Wao ndio walikuwa wakichagua mbegu, wakijua ipi ya ukame na ipi hukomaa mapema. Siku hizi hakuna anayewauliza, na mbegu ikikaa mno bila kupandwa haioti tena.

Mkataba wa kimataifa wa FAO (Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa) wa mwaka 2001 kuhusu rasilimali za kijenetiki za mimea, yaani mbegu na aina mbalimbali za mazao, unatambua haki za wakulima, lakini utekelezaji umeachiwa serikali za nchi. Nikiusubiri huo, wazee watakuwa wameondoka na ujuzi wao.

Waliowahi kuanzisha benki ya mbegu ya kijiji, naomba mnisaidie: nani akabidhiwe kuitunza, na anayeazima arudishe kiasi gani? Na vijana wanaotaka pesa ya haraka niwashawishi vipi watenge hata kipande kidogo cha shamba?