Mjadala: Mhudumu aruhusiwe kuingia kwenye akaunti ya mteja kana kwamba ndiye mteja?

Mleta mada

Wakuu, habari za jioni. Naleta hoja iliyotugawa kazini, na inamgusa kila mwenye akaunti kwenye mfumo wa SACCOS, bima, chuo au serikali.

Ndani ya mifumo hiyo kuna faili chache za msimbo zinazotumiwa na programu zote kwa pamoja. Ndizo zinazoamua nani ana ruhusa ya kufanya nini. Mara nyingi humo humo ndimo kinamokaa kile kitufe cha kumwezesha mhudumu kuingia kama mteja bila kujua nywila yake. Akishabofya, mfumo mzima unamwona kuwa ndiye mteja.

Msimamo wangu: kitufe hicho kiondolewe. Mhudumu aingie kwa jina lake mwenyewe, kwa niaba ya mteja, na kila hatua iandikwe kwa majina yote mawili.

Kuna SACCOS moja ambako mwanachama alikuta namba yake ya simu imebadilishwa, hivyo ujumbe wa kuthibitisha miamala ukawa unakwenda kwa mtu asiyemjua. Tulifungua kumbukumbu za mfumo. Mstari ulikuwa mfupi: mwanachama fulani, amebadilisha namba ya simu, tarehe, saa. Siku hiyo hiyo alikuwa amepiga simu akahudumiwa kwa kitufe hicho. Sasa nani alibadilisha? Faili la kumbukumbu lilikuwa limehifadhi jina la aliyeingiwa tu, la aliyeingia halipo. Mzigo wa kuthibitisha ukamwangukia mama wa watu, na mpaka leo inaniuma.

Wala sidai jambo jipya. Waraka wa viwango vya intaneti RFC 8693, wa Januari 2020, unatenganisha njia hizi mbili: ile ambayo A anakuwa B kiasi kwamba hawatofautishiki, na ile ambayo A anabaki A huku akitenda kwa niaba ya B. Kwa njia ya pili tokeni yenyewe, yaani ule ufunguo wa kidijitali ambao mfumo hutoa kuthibitisha nani ameingia, hubeba majina yote mawili. Nawasilisha.

Huduma kwa wateja

Kaka, nakuelewa, lakini njoo ukae kwenye kiti changu asubuhi moja. Mzee anapiga simu: "Mwanangu, haifunguki." Nini hakifunguki? Hajui. Kwenye skrini yangu ya uhudumu kila kitu ni kijani. Nikiingia kama yeye ndipo naona kwamba akaunti yake haikupewa ruhusa ya ukurasa wa mikopo, na dakika mbili baadaye amepona. Ukiniondolea kitufe, mzee huyo atampa nywila kijana wa duka la simu amsaidie. Hilo ndilo unalolitaka?

Msimamizi wa seva

Mimi naona mnagombania kitufe wakati hatari iko kwenye faili lenyewe. Likitumiwa na programu zote, kasoro moja inafungua kote. Sudo, programu inayompa mtumiaji wa Linux (mfumo endeshi wa kompyuta na seva) mamlaka ya mtumiaji mwingine, ilikaa na kasoro tangu Julai 2011 hadi ilipotangazwa Januari 2021. Mtu yeyote mwenye akaunti ya kawaida kwenye mashine angeweza kujipa mamlaka yote, hata kama hakuorodheshwa popote. Mwaka uliofuata ikatangazwa kasoro ya pkexec, programu nyingine ya kazi kama hiyo, iliyokuwepo tangu 2009. Wataalamu wa usalama wa kompyuta, Saltzer na Schroeder, walishaandika mwaka 1975 kwamba kinachotumiwa na wote kipunguzwe. Kila programu iwe na ukaguzi wake.

Na Facebook je? Septemba 2018 walitangaza kuvamiwa kupitia sehemu ya kutazama ukurasa wako kama mtu mwingine anavyouona. Mwanzoni walisema akaunti karibu milioni 50, baadaye wakashusha hadi takribani milioni 30. Desemba 2024 mdhibiti wa ulinzi wa data wa Ireland akaitoza Meta, kampuni inayomiliki Facebook, faini ya euro milioni 251. Sehemu yenyewe ilikusudiwa kwa kutazama tu!

Mleta mada

Mkuu, mfano wa Facebook ni mzuri, tena nautaka ukae upande wangu. Sehemu ya kutazama ilionyesha kimakosa kisanduku cha kupakia video. Kisanduku hicho, toleo la Julai 2017, kikatoa tokeni mahali kisipopaswa kutoa. Na tokeni ikatoka kwa jina la yule anayeigizwa badala ya jina la aliyekuwa anatazama. Ukilisoma tukio lote, pigo lililoua ni hilo la tatu: mfumo ulisahau nani hasa amekaa mbele ya skrini.

Kuhusu kila programu kuwa na ukaguzi wake, hapana. Saltzer na Schroeder hao hao walisisitiza pia kwamba kila ombi likaguliwe, na kwamba kifaa cha ukaguzi kiwe kidogo na rahisi ili kiweze kuchunguzwa. Kasoro ya sudo ilipogundulika, wasambazaji wa Linux walitoa sasisho moja likasambaa. Kama ungekuwa na programu kumi na ukaguzi wa aina kumi, nani angezipitia zote?

Mchangiaji wa Nairobi

Niongeze la sheria. Kenya tuna sheria ya ulinzi wa data ya 2019, na Tanzania mna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023. Zote zinampa mhusika haki ya kujua taarifa zake zinatumikaje. Kampuni itamjibu nini mteja anayeuliza nani alifungua akaunti yake, ikiwa kumbukumbu zinasema ni yeye mwenyewe?

Huduma kwa wateja

Hapo kwenye kumbukumbu nakubali, tena zinanilinda hata mimi, maana siku mteja akidai nimemwibia sina pa kuonyesha. Basi niachieni kuona anachokiona, nisiweze kubadilisha chochote. Kubadilisha namba au kutoa pesa kuhitaji idhini yake kwenye simu.

Mleta mada

Dada, hilo nalichukua lilivyo. Kuona tu, kwa muda mfupi, na mteja apate ujumbe kwamba akaunti yake imefunguliwa na nani.

Msimamizi wa seva

Na mwenye mamlaka ya kufuta kumbukumbu hizo ni nani? Mimi. Linux hubakiza namba ya mtu aliyeingia mwanzo hata akibadilisha utambulisho njiani, lakini msimamizi kama mimi akishika mashine yote anaweza kuigusa rekodi.

Mleta mada

Ndiyo maana nakala itumwe papo hapo kwenye seva nyingine ambayo wewe huna ufunguo wake, iwe mikononi mwa wakaguzi. Ugumu uliobaki ni aliyepoteza simu yenyewe. Idhini yake tuipokee kwa njia gani? Kwa sasa naona aje tawini na kitambulisho, ingawa najua wapo wanaosafiri siku nzima kufika huko. Mwenye njia bora aiweke hapa.