Garboil kwa Kiswahili: rabsha, sokomoko, vurugu au ghasia? Bango linachapwa Ijumaa

kamera_ya_dunga (mwanzilishi wa mada)
Wadau, nisaidieni upesi. Tuna maonyesho ya picha hapa Kisumu mwisho wa mwezi na jina lake la Kiingereza ni "Garboil". Wenzangu wamelipenda, halibadiliki. Sasa tunataka jina la Kiswahili liwe chini yake kwa herufi kubwa vilevile, maana wengi watakaopita pale mlangoni hilo la juu hawatalijua. Fundi wa mabango anataka kazi kabla ya Ijumaa, na akishachapa ndio basi. Nimebaki na manne: rabsha, sokomoko, vurugu, ghasia. Mimi naegemea sokomoko, linajaa mdomoni. Mnasemaje?

omwami_butere
Ungeanza kwa kutuambia hilo garboil ni mdudu gani. Nimekisoma Kiingereza mpaka nikawafunza watoto wa watu, na neno hilo halijawahi kunipita masikioni.

kamera_ya_dunga
Ni fujo tu mzee. Mambo kuvurugika. Neno la zamani.

omwami_butere
"Fujo tu" inaweza kuwa darasa la nne mwalimu akitoka nje. Inaweza pia kuwa mtaa wa Kondele huko Kisumu siku ya matokeo ya kura. Unataka ipi?

gurudumu_kakamega
Sokomoko. Kura yangu hiyo, naondoka, kuna mteja.

chaki_na_ubao
Habari za jioni kutoka Nakuru. Hili neno nalifahamu kidogo, niruhusuni.

Garboil lilikuwa na uhai katika Kiingereza cha karne ya 16, kisha likafifia. Waingereza walilichukua kwa Wafaransa, na Wafaransa kwa Waitaliano, ambao mpaka leo wanalo garbuglio, yaani nyuzi zilizotatana au mambo yaliyovurugana. Wapo wanaofuatilia mzizi wake hadi Kilatini bullire, kuchemka. Zamani lilikuwa kitenzi pia: mtu angeweza "kugarboil" mji.

Wengi wetu tungelikuta kwa Shakespeare, katika Antony and Cleopatra, ambako limetumika mara mbili, na mara zote mbili anayesema ni Antony, jemadari wa Roma, akimzungumzia mkewe Fulvia. Hapo sikilizeni vizuri. Fulvia halisi, pamoja na Lucius nduguye Antony, walipigana na Octavian, aliyegawana na Antony utawala wa Roma, mwaka 41 hadi 40 K.K. Lucius alizingirwa katika mji wa Perusia, ambao leo ni Perugia, hadi njaa ikawamaliza watu. Hiyo ni vita. Lakini mume anapofika mbele ya Octavian kujitetea, anaiita garboils, kwa wingi, kana kwamba ni makeke ya mwanamke asiye na subira. Neno linapunguza uzito wa jambo, na nadhani Shakespeare alimpa Antony neno hilo makusudi.

Kwa hiyo kabla ya kuchagua, jiulize: ninyi mnataka kupunguza uzito, au mnataka kuuonyesha?

omwami_butere
Ahsante Mwalimu. Sasa hivi ndio tunaongea.

Lakini kama shida ni neno adimu, mbona wasichukue jacquerie? Lilizaliwa Ufaransa, Waingereza wakaliazima. Mwaka 1358 wakulima waliwaasi mabwana wao. Mabwana walizoea kumwita mkulima yeyote Jacques Bonhomme kwa dharau, na jina hilo la dharau ndilo likawa jina la uasi wenyewe. Hilo lina hadithi. Garboil linasikika kama mafuta ya gari.

kamera_ya_dunga
Nimesema la Kiingereza halibadiliki jamani. Tuongee Kiswahili.

nyar_nyalenda
Mimi nina swali moja ambalo hakuna aliyeuliza. PICHA ZA NINI?

mswahili_bondeni
Naam! Dada ameuliza la maana. Mtu anatafuta jina la mtoto na hajasema ni wa kike au wa kiume.

kamera_ya_dunga
Ukuta mmoja ni picha zangu za soko la Kibuye, Jumapili, ile misukumano ya mitumba na mikokoteni. Ukuta wa pili ni wa wenzangu wawili, picha za Juni 2024.

nyar_nyalenda
Juni 2024 zipi? Za maandamano?

kamera_ya_dunga
Ndiyo. Za hapa Kisumu na chache za Nairobi tarehe 25.

nyar_nyalenda
Omera, hilo ndilo lilipaswa kuwa sentensi ya kwanza! Tarehe 25 Juni ndiyo siku Mswada wa Fedha, ule wa kuongeza kodi, ulipita bungeni, waandamanaji wakaingia humo humo Bunge, na kuna wazazi ambao watoto wao hawakurudi nyumbani. Wewe unataka kuweka SOKOMOKO mlangoni? Sokomoko ni ya watangazaji wa redio wakati mgombea amenyimwa cheti kwenye mchujo wa chama.

gurudumu_kakamega
Nimerudi. Sikujua kuna Juni. Naondoa kura yangu.

kiazi_cha_molo
Nilitaka nipite kimya lakini hii mada imenigusa. Nitaandika ndefu, mnivumilie.

Miaka kadhaa iliyopita kulikuwa na shirika dogo lililokuwa likizunguka huku kwetu upande wa Molo na Kuresoi na mikutano ya amani. Jina lake silitaji. Walikuwa watu wazuri, soda walileta, usafiri walirudisha. Mimi nilikuwa kijana wa kupanga viti na kugawa karatasi. Karatasi zenyewe zilitafsiriwa Nairobi, na mtafsiri, sijui aliona neno gani la Kiingereza, kila mahali palipohusu 2008 aliweka "rabsha". Rabsha za baada ya uchaguzi. Waathiriwa wa rabsha. Jinsi ya kuzuia rabsha.

Mwelekezaji akaanza kusoma kwa sauti. Akasoma ukurasa wa kwanza, wa pili. Pale mbele alikaa mama mmoja mzee, sote tunamjua, aliyehamishwa kwa moto mwaka 1992, akarudi, akajenga, akachomewa tena 2008. Akanyanyua mkono kwa adabu. Akasema: "Mwanangu, rabsha nimeziona. Rabsha ni walevi wawili wakivutana mashati kwa baa, na asubuhi wanaombana msamaha. Aliyechoma nyumba yangu hakuwa amelewa. Alikuja na orodha."

Kimya. Yule mwelekezaji badala ya kuiweka karatasi chini akaanza kumweleza kwamba kwenye kamusi rabsha na vurugu ni kitu kimoja. Mama akasimama, akachukua kiondo chake, akatoka. Nyuma yake wakatoka wanawake wengine, halafu wazee wa upande ule mwingine nao wakatoka, na hao ndio walikuwa wamebembelezwa miezi mizima wakubali kuketi pamoja. Soda zilirudi kwenye gari zikiwa kreti nzima nzima. Kwa ninavyojua hawakuja tena.

Kwa hiyo rabsha, kwa picha za watu waliopigwa risasi, hapana. Mimi siwezi kuingia mlango wenye neno hilo.

chaki_na_ubao
Pole sana ndugu yangu. Huyo mama amesema kile nilichokuwa nikikizunguka na Antony wangu. Tume ya Waki, iliyochunguza yale ya baada ya uchaguzi wa 2007, ilihesabu vifo 1,133. Hesabu hiyo haiwezi kukaa chini ya rabsha.

mswahili_bondeni
Nami nina langu kuhusu ghasia, maana naona watu wanaliruka kama halimo kwenye orodha.

Nyumbani kwetu ghasia ni vitu viwili. Ya kwanza mnayoijua. Ya pili ni takataka, vitu vilivyorundikwa ovyo. Bibi yangu alikuwa akisema "niondolee ghasia hizi uani", hakuwa na maana ya waandamanaji. Na kughasi ni kusumbua: "usinighasi, nina kazi". Kwa Kibuye, wallahi, ghasia inaingia kama kidole kwenye pete: msongamano, marundo, usumbufu, vyote kwa pamoja. Kwa ukuta wa pili, vyombo vya habari vya Kenya vimeshazoea "ghasia za baada ya uchaguzi", kwa hiyo msomaji haoni dharau. Neno moja, kuta mbili.

nyar_nyalenda
Umesema mwenyewe takataka. Utawaita vijana wa watu takataka?

mswahili_bondeni
Dada, nimesema neno lina maana mbili, sikusema vijana.

nyar_nyalenda
Na anayepita mlangoni atachagua maana ipi?

mswahili_bondeni
Anayepita mlangoni Kisumu hajui hiyo ya uani kwa bibi yangu. Hilo ndilo linalonipa amani. Ukitaka kuogopa maneno kwa historia yao hutasema chochote. Chukua fitina: kwa Kiarabu fitna ndilo jina la vita vya Waislamu wenyewe kwa wenyewe baada ya kuuawa Khalifa Uthman mwaka 656. Huku kwetu limekuwa la majirani kusengenyana. Maneno yanahama.

omwami_butere
Yanahama, lakini yakifika hayapewi kiti kimoja. Fujo nayo ina undugu na kufuja, kutapanya mali. Ndiyo maana mimi fujo silipendi kwa watu wanaodai kodi yao isifujwe! Hapo mfujaji ni nani?

gurudumu_kakamega
😂😂 Hiyo mzee umeua.

chaki_na_ubao
Kama mnaniuliza, vurugu. Kuvuruga ni kukoroga, na mzizi wa garboil unasemekana ni kuchemka. Maana zinakutana zenyewe jikoni bila kulazimishwa. Halafu neno halichekeshi wala halitoi hukumu. Wanafunzi wangu hulitumia kwa foleni ya mlo na kwa habari za Sudan.

kiazi_cha_molo
Machafuko je? Huku hilo ndilo tunalotumia tukiwa hatutaki mzaha.

nyar_nyalenda
Machafuko naliunga mkono kwa Juni. Ila Kibuye hakuna machafuko, watu wanauza na kununua. Kwa nini lazima ukuta wa soko na ukuta wa maandamano viwe na jina moja? Nani aliamua hivyo? Na kama ni lazima, Dholuo lipo: KOKO. Silabi mbili tu. Ni kelele, ni makelele ya soko, ni sauti ya watu wakilalamika wasikike. Hapo umemaliza kazi.

omwami_butere
Koko kwa Mluhya ni nyanya yake. "Kukhu" huku, lakini vijana wa mjini wanasema hivyo hivyo koko. Wajukuu watakuja kutafuta picha za bibi zao.

nyar_nyalenda
Basi waje, kiingilio ni bure.

gurudumu_kakamega
Ni bure kweli? Kamera hajasema.

wino_na_karatasi
Naingia kama mtu wa mabango, niko Nakuru lakini kazi ni ile ile. Ninyi mnabishana maana, mimi naona nafasi. Garboil ina herufi saba. Vurugu sita, ghasia sita, rabsha sita: zinakaa chini yake bila kupunguza ukubwa wa herufi. Sokomoko ni nane, machafuko tisa. Machafuko utalazimika kulibana, na mtu aliye upande wa pili wa barabara ataona mstari tu. Koko utabaki na uwanja mtupu pande zote mbili, ambao mimi binafsi naupenda, macho yanapumzika.

La pili, usikubali nyekundu juu ya nyeusi. Vijana wa sanaa wote wanakuja na nyekundu juu ya nyeusi wakidhani ni ya kishujaa. Jioni haisomeki. La tatu, upepo wa ziwa. Mwambie fundi akunje kingo na aweke vitundu vya kamba pande zote nne, si pembeni tu, la sivyo jina lolote mtakalochagua litakuwa mtaroni kesho yake.

mswahili_bondeni
Wengine hukata matundu katikati ya bango upepo upite.

wino_na_karatasi
Usikate. Bango linachanika kuanzia pale pale ulipokata. Hiyo ni imani ya watu.

mswahili_bondeni
Mabango ya harusi yote yanakatwa na hayachaniki.

wino_na_karatasi
Bango la harusi linakaa saa sita.

kamera_ya_dunga
Asanteni wote. Nimewasiliana na wenzangu. Mmoja sasa anataka vurugu, mwingine amesoma hadithi ya Molo na anasema kila ukuta upewe jina lake, na hilo la mlangoni libaki la Kiingereza peke yake. Mimi bado sokomoko halijanitoka kwa ukuta wangu wa Kibuye. Sidhani kuna mtu atakayeumia kwa sokomoko la mitumba.

nyar_nyalenda
Kwa mitumba sina ugomvi. Lakini mlango ukibaki Kiingereza peke yake, huyo mama wa omena uliyempiga picha Kibuye ataingiaje? Au yeye ni wa kutazamwa tu?

chaki_na_ubao
Swali zuri hilo. Nyerere aliitafsiri Julius Caesar mwaka 1963 mtu asije akasema Kiswahili hakibebi mambo ya Roma. Huyo mama naye ana haki ya mlango.

omwami_butere
Na huyo mama aliombwa ruhusa? Na wale wa Juni je, nyuso zao zinaonekana? Siku hizi kuonekana uso kwenye picha ya maandamano si jambo dogo.

kamera_ya_dunga
Za Kibuye niliomba. Za Juni baadhi nyuso zinaonekana.

kiazi_cha_molo
Baadhi ni ngapi? Na wenyewe wanajua zitatundikwa ukutani?

omwami_butere
Kamera? Tunangoja.

gurudumu_kakamega
Amepotea tena. Kwani maonyesho yenyewe ni wapi, mjini au upande wa Dunga kule ziwani? Nikipata mzigo wa kuleta Kisumu siku hiyo nipite.

wino_na_karatasi
Ikiwa ni Dunga, ndugu, zidisha kamba.