MJADALA: Mabaraza ya vijiji England yavunjwe au yabaki?

Chachandu: Wakuu, tuseme kijiji kina nyumba 240, zote daraja D la kodi ya nyumba. Kina baraza lake, wajumbe saba na karani wa kulipwa. Likitaka pauni 12,000, linaiandikia wilaya, na kila nyumba inaongezewa pauni 50 kwenye kodi. Halmashauri kubwa ikivuka ukomo wa kupandisha kodi lazima iitishe kura ya maoni; haya ya vijiji hayajawekewa ukomo. Kwenye vibali vya ujenzi yanatoa maoni tu, wilaya ndiyo inaamua. Yavunjwe. Kwa Kiingereza yanaitwa "parish council", yaani baraza la parokia; basi hii ni parokia inayokusanya sadaka kwa nguvu.

Dada Kiraka: Sadaka? Ndugu, hapo umekosea sheria na umetukosea heshima waumini. Sheria ya Serikali za Mitaa ya 1894 ndiyo iliyoyatoa mambo ya kijiji mikononi mwa kanisa. Baraza la waumini la kanisa ni jingine, na hesabu zake ni mbali. Hili linachaguliwa kila miaka 4, hata asiyekanyaga kanisani anagombea.

Chachandu: Uchaguzi upi? Wakijitokeza watano kwa viti saba, wote wamepita bila kura, viwili vilivyobaki wanateuana.

Mzee wa Kanuni: Kiti kikiachwa wazi katikati ya kipindi, tangazo linabandikwa. Wapiga kura 10 wakiiandikia wilaya ndani ya siku 14 za kazi, kura inapigwa. Mnaziacha zipite halafu mnalia! Ugonjwa wenyewe ni "Mengineyo". Watu wamechoka, wanataka kwenda kulala, ndipo pesa inapitishwa. Sheria ya Serikali za Mitaa ya 1972 inataka mwito utaje shughuli ya kikao. Kisichotajwa hakiamuliwi, kikiamuliwa ni batili. Mjumbe akisema "tununue benchi", karani ajibu: kikao kijacho.

Nyuki Mweusi: Benchi lisubiri miezi miwili? Bandika Ijumaa, kutaneni Jumatatu, kwisha.

Mzee wa Kanuni: Hapana, kijana wangu. Mwito unatangulia kikao kwa siku tatu KAMILI. Siku ya kubandika haimo, siku ya kikao haimo, Jumapili haimo, sikukuu haimo. Hapo umebakiwa na Jumamosi peke yake. Kikao kikiwa Jumatatu, karatasi iwe kwenye kabati la kioo la matangazo Jumatano.

Chachandu: Swali la kodi mmelikwepa.

Dada Kiraka: Hatujalikwepa. Kiasi cha kodi ya baraza lazima kipitishwe na baraza zima, hakikasimiwi kwa kamati wala karani, na wilaya ikipate kabla ya Machi 1. Basi nenda kikao cha bajeti, si kusubiri bili ya Aprili. Kuna na mkutano wa wapiga kura wote, kati ya Machi 1 na Juni 1, usioanza kabla ya saa 12 jioni. Vitabu vya hesabu navyo vinafunguliwa siku 30 za kazi, zikiwemo 10 za mwanzo za Julai. Dai risiti moja moja. Na lile neno la sadaka ulifute.

Nyuki Mweusi: Jumamosi inahesabiwa? Ofisi si zimefungwa?

Mzee wa Kanuni: Kwa mwito wa kikao inahesabiwa. Unachanganya na zile 14 za kiti kilicho wazi. Huko ndiko Jumamosi inarukwa.