Fumbo la sehemu: nikirudi nyuma, jibu linakataa

Mama Wawili
Habari zenu. Tangu jana usiku mimi na binti yangu tunahangaika na fumbo hili: msomaji alisoma 1/3 ya kitabu siku ya kwanza. Siku ya pili akasoma 2/5 ya kurasa zilizobaki. Zikabaki kurasa 84. Kitabu kina kurasa ngapi?

Binti alijumlisha 1/3 na 2/5, akapata 11/15, akasema zimebaki 4/15, jibu 315. Mimi nikamwambia turudi nyuma, kilichotolewa kirudishwe. Nikatafuta 2/5 ya 84 nikaongeza, ikaja 117.6. Kurasa zenye nukta! Nimekosea wapi?

Mwalimu Mstaafu
Mama, wazo la kurudi nyuma ni sahihi, usiliache. Ila zile 2/5 zilikuwa za kurasa zilizobaki baada ya siku ya kwanza, nawe umezipima kwenye 84. Aliyesoma 2/5 amebakiza 3/5. Basi usiandike "toa 2/5", andika "zidisha kwa 3/5", na kinyume chake kitajionyesha: gawanya kwa 3/5, yaani zidisha kwa 5/3. 84 × 5/3 = 140. Siku ya kwanza ilibakiza 2/3, kwa hiyo 140 × 3/2 = 210.

Sasa jibu la binti mlipeleke mbele. Kitabu cha kurasa 315: siku ya kwanza 105, zinabaki 210, 2/5 yake ni 84, zinabaki 126. Mnaona 84 ilipoibukia? Zimekuwa kurasa zilizosomwa, si zilizobaki. Kosa hili nimelisahihisha kwenye madaftari mengi kuliko jingine lolote la sehemu. Mtoto hesabu anaiweza, neno "zilizobaki" ndilo lililompita.

Mpenda Namba
Naongeza kuhusu mpangilio. Fundo lililofungwa mwisho ndilo hufunguliwa kwanza, ndiyo maana mwalimu kaanza na siku ya pili. Mbinu yenyewe ni ya kale: Aryabhata wa India aliieleza mwaka 499, kuzidisha kugeuzwe kugawanya, kujumlisha kugeuzwe kutoa. Mpe binti hili: tangi lilipungua maji kwa 1/4, likaongezwa lita 12, likawa na lita 60. Mwanzoni zilikuwa ngapi?

Mama Wawili
Shikamoo mwalimu, na asante Mpenda Namba. Nilikaa kimya nikamwangalia tu. Akatoa 12, akapata 48. Kalamu ikasimama kwenye 1/4, nikaona anataka kuongeza robo ya 48. Halafu mwenyewe akanong'ona, "Imebaki 3/4," akazidisha kwa 4/3: lita 64. Sikumwambia kitu, akarudi juu ya swali na kuanza kupunguza robo ya 64.

Mwalimu Mstaafu
Marahaba. Hapo kwenye kunong'ona ndipo alipolielewa. Kesho mpe lenye sehemu tatu.