Uzi wa watu wa kamera na filamu: mtoto kwenye picha zetu, tupeane uzoefu

Kamera Chini (Sinza)
Wakuu, habari za jioni. Wacheki watoto waliomo kwenye filamu zetu nyingi. Mtoto anaingia, analia, anasema "baba usiondoke", kisha anaambiwa akacheze nje ili wakubwa wagombane. Kazi yake imeisha. Hatujui anamwogopa nani, anacheza na nani, anadaiwa gololi ngapi mtaani. Lawama wanapewa watoto kwamba hawajui kuigiza. Mimi naona shida inaanzia kwenye skripti, kwenye urefu wa tripodi na kwenye ratiba. Leteni mbinu zenye vipimo. Zile za "mimi nilipoanza kazi hii" zina uzi wake.

Naanza na urefu. Mtoto wa miaka sita ana kimo cha kama sentimita 115, macho yake yako kwenye 105. Mpiga picha aliyesimama anashika kamera kwenye 150. Hapo unapata paji la uso, nywele, na macho yanayotazama juu kama anaomba msaada, hata kama sini (tukio la kwenye skripti) inasema anamdanganya mama yake. Shusha lenzi hadi 105 na wakubwa wanakatika kiunoni: zinabaki funguo, mikanda, mikoba, mkono unaokunja noti. Dairekta Steven Spielberg alifanya hivyo makusudi kwenye filamu yake E.T. ya 1982. Kwa sehemu kubwa ya filamu ile, mtu mzima pekee unayemwona uso vizuri ni mama.

Mtoto akikaa mkekani macho yanashuka hadi 55 hivi, na tripodi nyingi za kawaida hazifiki huko. Mpiga picha anachuchumaa, magoti yanamuuma, teki ya tatu (akirudia kurekodi mara ya tatu) anaanza kuinua kamera bila kujua. Kaa kwenye kreti la soda, kamera iweke kwenye mfuko wa mchanga au wa maharage, skrini igeuze juu.

Fundi Lenzi
Naunga mkono, ila urefu bila umbali haujakamilika. Lenzi pana ya milimita 24 ukiisogeza nusu mita kutoka usoni inavimbisha paji na pua, mtoto anageuka katuni. Halafu anaiona kamera, anaanza kuichekea. Weka ya milimita 85 kwenye kamera ya fulfremu (yenye sensa kubwa), rudi nyuma mita 3: unampata kuanzia juu ya kichwa hadi kiunoni, naye baada ya dakika kumi keshakusahau.

Kinachoharibika hapo ni fokasi. Tundu la lenzi likiwa wazi kwa f/2.8 kwenye umbali huo, eneo lililo kali ni kama sentimita 20 tu. Mtu mzima unamwekea alama sakafuni, mtoto hana habari na alama. Funga tundu hadi f/5.6 upate karibu 40. Nje, jua la Dar likiwa kali, ISO 100 (wepesi wa kamera kupokea mwanga) na shata 1/50 ya sekunde, utahitaji kichujio cha ND16, kioo cheusi cha kupunguza mwanga. Kama kamera yako inakulazimisha ISO 800 kwenye logi (rekodi ya picha iliyofifia, rangi zake hurekebishwa baadaye), ni ND128. Usipandishe shata kukwepa kununua kichujio, watoto wakicheza rede kwa 1/1000 wanaonekana wanakatika-katika.

Ndani, umeme wetu ni hezi 50. Taa nyingi zinapepesa, kwa hiyo baki kwenye 1/50 au 1/100.

Kalamu ya Ilala
Mmekimbilia vyuma. Kinachomuua mtoto ni karatasi.

Mtoto wa miaka saba wa Bongo Muvi anaongea kama mshenga: "Mama, kwa nini siku hizi baba hatujali kama zamani?" Mtoto wa Tandale anaangalia sahani iliyofunikwa mezani, anauliza, "Baba kala huko huko?" Sini nzima imo humo. Mstari wa mtoto usizidi maneno sita au saba, na akiusema awe na kitu mkononi: kandambili iliyokatika kamba, sarafu, mfuniko wa sufuria.

Pili, mtume dukani. Kutumwa kuna kila kitu ambacho filamu inadai: lengo, pesa ya mtu, muda, njia, na kishawishi. Chupa tupu ya mafuta ya kula, noti imekunjwa kiganjani, na njiani chandimu imekolea na wamepungukiwa golikipa. Huhitaji mtu yeyote afe. Dairekta wa Iran, Abbas Kiarostami, alijenga filamu nzima mwaka 1987 kwa mtoto anayetafuta nyumba ya mwanafunzi mwenzake ili amrudishie daftari, na hadithi inatosha kabisa. Sisi tuna kituo cha daladala asubuhi: wanafunzi wamejazana mlangoni, konda kanyoosha mkono kuzuia kwa sababu nauli yao ni ndogo, anapitisha watatu. Andika filamu ya yule wa nne.

Tatu, mpe siri. Mtoto ajue jambo ambalo mtazamaji analijua na wakubwa hawalijui. Hapo hata akikaa kimya anaigiza. "Mama kasema hayupo" tunaicheka miaka yote kwa sababu hiyo hiyo.

Na tafadhali, usimpe mzazi skripti wiki nzima kabla. Mzazi wa Kitanzania akipewa maneno ya mwanawe anamkaririsha kila jioni mpaka yatoke kwa sauti ya ngonjera, mikono imebana mapajani. Ikishaingia, kuitoa ni kazi. Msomee mtoto mwenyewe asubuhi ya siku ya kushuti. Ukikuta keshakaririshwa, badilisha maneno mawili katika kila mstari, au mpe andazi aseme huku anatafuna.

Mgeni Mjini
Shikamooni wakuu. Na kama sini inataka mtoto alie kweli na halii? Kuna dairekta mmoja anasema mfinye kidogo, machozi yatakuja.

Mkata Picha
Marahaba. Huyo dairekta asiachiwe mtoto wa mtu.

Mbinu hiyo ni ya kale na historia yake inajulikana. Mwaka 1931, kwenye filamu ya Skippy, dairekta Norman Taurog alitaka mwigizaji mtoto Jackie Cooper alie. Mtoto akatishiwa kwamba mbwa wake anapigwa risasi. Akalia vizuri sana, Taurog akapata Oscar. Cooper alipoandika kitabu cha maisha yake mwaka 1981, akiwa anakaribia miaka 60, jina alilokipa ni ombi la kutompiga risasi mbwa wake. Mzee mzima bado yuko siku ile.

Halafu hata kwa faida tupu ya kazi, mbinu hii ni hasara. Mtoto aliyetishwa anakupa teki moja. Ya pili anakuangalia wewe badala ya mwigizaji mwenzake, na mezani kwangu hapo hakuna pa kukata.

Fanya hivi. Mkimbize mbio za kweli, azunguke nyumba mara mbili, akalishwe, kamera ianze papo hapo. Kifua kinapanda, pua inavuta, sauti inakatika katikati ya neno. Chozi lenyewe ni gliserini ya duka la dawa: tone moja au mawili juu ya shavu, sentimita moja chini ya jicho, kwa kijiti cha pamba. Isiingie jichoni. Kitunguu hapana, na dawa za kuchua zenye kafuri kaa nazo mbali na uso wa mtoto. Kwa joto letu gliserini haikauki, inanata vumbi na kuacha mstari mweusi, kwa hiyo kila baada ya teki futa kwa kitambaa chenye maji na uanze upya.

Anza na picha ya karibu yenye chozi, ya mbali baadaye, kwani kule mbali machozi hayaonekani. Na mara nyingi chozi halihitajiki. Nipe sekunde nne za uso mtulivu wa mtoto asiyefanya lolote, nipe na picha ya sahani tupu. Dairekta Lev Kuleshov aliwaonyesha Warusi wenzake zaidi ya miaka 100 iliyopita kwamba mtazamaji anaujazia uso huzuni mwenyewe. Kwa hiyo usizime kamera ukishasema kata. Bora zaidi usiseme "ekshen" wala "kata" kabisa, maana mtoto akisikia "ekshen" anasimama wima kama yuko paredi. Mguse begani aanze, na rekodi mazoezi yote.

Sikio la Mbagala
Sauti sasa, maana huwa tunakumbukwa mwisho. Sauti ya mtoto wa shule ya msingi iko kwenye hezi 250 hadi 300, ya mwanamume 120 hivi. Faida yake: kichujio kinachokata sauti nzito unaweza kukipandisha hadi 120 au 150 bila kumgusa mtoto, na mngurumo wa jenereta na barabara ukapungua sana. Kwa mwanamume ukifanya hivyo unamtoa kifua. Wakiwa wawili kwenye sini moja, kila mmoja na chaneli yake.

Maiki ya fimbo ije kutoka juu mbele, sentimita 40 hadi 50 kutoka mdomoni. Mtoto ataiangalia. Mwache aishike, aiongelee, ajisikie kwenye hedifoni dakika tano kabla ya kazi, udadisi uishe. Maiki ya kubana nguoni anaichezea, na shati jipya la tetroni linakwaruza. Bandika ndani ya nguo kwa plasta, kitanzi kidogo cha waya chini yake.

Usimdabi mtoto kwa sauti ya dada mtu mzima anayejibana pua. Koo la mtu mzima ni refu, sikio linajua hata kama nota iko juu. Ukimaliza sini, mkalishe mtoto pale pale arudie mistari bila picha mara tatu. Feni na friji vizimwe. Ukimwita wiki ijayo, meno ya mbele yanaweza yakawa yameng'oka na "s" imeondoka nayo.

Sindano na Uzi
Mavazi. Shati jeupe la shule ni adui wa uso mweusi kwenye jua. Ukiweka mwanga kwa ajili ya shati, uso unazama. Ukiweka kwa ajili ya uso, shati linaungua kwa mwanga na nembo haionekani. Lichovye kwenye chai ya rangi: lita 5 za maji ya moto, vijiko vikubwa 3 vya majani yaliyochujwa, dakika 10, suuza, anika kivulini. Kwa macho bado ni jeupe. Pamba inakubali, tetroni haikubali, kwa hiyo tafuta shati kuukuu lililofuliwa sana. Usitie bluu.

Na lokesheni: mwanzoni mwa Machi na karibu na katikati ya Oktoba jua la mchana linakaa utosini Dar. Macho ya watoto yanakuwa mashimo mawili. Shuti saa 1 hadi saa 3 asubuhi, kisha baada ya saa 10 jioni.

Meneja wa Seti
Hapo kwenye saa nilikuwa nasubiri. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza kumfanyisha mtoto kazi usiku, kuanzia saa 2 usiku hadi saa 12 asubuhi. Na mtoto kwa sheria hiyo ni yeyote chini ya miaka 18, usijidanganye na ndevu za bwana mdogo. Sini za usiku za ndani shuti mchana: madirisha yafunikwe kaniki mbili mbili kwa nje, kingo zibanwe na misumari midogo, mwanga wa jua ukipenya kwenye kona moja umeharibu usiku wote. Chumba kinakuwa tanuri na feni imezimwa kwa ajili ya sauti, hivyo dakika 10 za kazi, mlango ufunguliwe, maji, turudi.

California, siku za shule, mtoto wa miaka 6 hadi 8 anafanya kazi si zaidi ya saa 4 kwa siku, na saa 3 nyingine ni za masomo. Kwa ratiba zetu, panga sini zake zote zifuatane asubuhi. Kumkalisha mtoto kwenye kiti cha plastiki kuanzia saa 12 asubuhi asubiri sini ya saa 9 alasiri ni kununua teki mbovu.

Pesa: mwigizaji mtoto Jackie Coogan alikuwa nyota tangu filamu ya Chaplin ya 1921. Alipokua akakuta mama na baba wa kambo wameitumia pesa yake. Sheria ya California ya 1939 ilitokana na kesi yake, na leo asilimia 15 ya malipo inawekwa akiba ya mtoto. Hakuna anayekuzuia kuandika kifungu kama hicho kwenye mkataba wako wa Dar, ilipwe kwenye akaunti ya mtoto.

Kamera Chini
Wapiga picha za miradi ya misaada mpo? Maana bango la mtoto mwenye nzi usoni nalo ni shule iliyotufundisha kumwangalia mtoto kutoka juu.

Picha Mnato
Tupo. Picha ya Kevin Carter ya mwaka 1993, mtoto mwenye njaa na tai mla mizoga nyuma yake kule Sudan, ilipata Pulitzer mwaka uliofuata, na dunia nzima iliijua bila kujua jina la mtoto. Ndiyo maana siku hizi miradi inadai kibali cha mzazi kwa maandishi na kauli ya mtoto mwenyewe. Mzazi akikubali na mtoto akijificha nyuma ya mlango, jibu umepata.

Mtoto aliyefanyiwa ukatili usitegemee kumtia ukungu baadaye. Mtaa mzima unamjua kwa sare, kwa mlango wa bluu, kwa sauti. Shuti mikono, kisogo au kivuli chake ukutani, tangu mwanzo uso usiingie kwenye kadi. Nembo ya shule itolewe, na GPS ya simu izimwe kabla ya kupiga, maana ukisubiri kutuma, mahali pameshaandikwa ndani ya faili.

Mchora Katuni
Kwa kifupi tu: ukipunguza mchoro wa mtu mzima hupati mtoto, unapata mtu mzima mfupi. Mtu mzima ana vichwa 7 na nusu, mtoto wa miaka mitatu 5, wa mwaka mmoja 4. Macho yakae chini ya nusu ya kichwa. Aki na Ukwa wa mwaka 2002, wale waigizaji wazima wa Nigeria waliocheza watoto, tuliwacheka kwa sababu ni wakubwa wenye ujanja wa wakubwa. Kwenye vichekesho inakubali, kwenye huzuni inakataa.

Mgeni Mjini
Asanteni sana. Swali la mwisho: kichanga. Dada mwigizaji anabeba mwanasesere kwenye khanga na kila mtu anajua ni mwanasesere.

Meneja wa Seti
Kwa sababu hana uzito, mkono wa dada haulegei na shingo haishikwi. Funga kilo 3 za mchele kwenye mifuko miwili, kubwa kiwiliwili, ndogo kichwani, ifungwe pamoja kwa kitambaa ili kichwa kicheze. Kichanga halisi kije kwa picha ya uso tu, dakika chache, mama yake akiwa nje kidogo ya fremu. Mchele, usiweke sukari. Sukari utashuti na sisimizi.