Cletrac M2 au Kettenkrad? Tunataka kununua, naomba ushauri

NdegeYaMbao: Wakuu, habari za leo. Niko Uingereza, kwenye kikundi cha kukarabati magari ya kijeshi. Tumechangishana tununue gari la minyororo lililokuwa likivuta ndege wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Tumebaki na mawili: Cletrac M2, trekta la Wamarekani, na Kettenkrad ya Wajerumani, ile yenye minyororo nyuma na gurudumu la pikipiki mbele. Tuchukue lipi? Jumamosi muuzaji anataka jibu.

FundiGrisi: Mkuu, hilo ni nusu swali. Mna kiasi gani? Mtavuta nini? Pa kulaza mnapo? Cletrac ni karibu tani 7, Kettenkrad ni kilo 1,235. Ya pili unaiweka kwenye trela nyuma ya gari dogo. Ya kwanza inataka lori.

RubaniWaChini: Cletrac, msijiulize mara mbili. Ina injini ya Hercules, silinda 6, nguvu farasi 150, halafu winchi, jenereta na kompresa ya kujazia upepo, vyote humo humo. Pale Norfolk, mashariki mwa Uingereza, zilikokuwa B-24 za Wamarekani za kudondosha mabomu, ndege ikijaa mafuta na mabomu ilifika tani 25 na zaidi. Ikiteleza ikaingia kwenye tope, utaitoa na pikipiki?

BintiSpana: Kaka, hiyo "pikipiki" ilivuta Me 262, ndege ya kivita ya jeti ya Wajerumani! Injini za jeti zilikunywa mafuta mno zikiwa chini, na injini yake, Jumo 004, ilidumu saa 10 hadi 25 tu. Wajerumani mafuta yamewaishia, kwa hiyo Kettenkrad ikaivuta ndege hadi mwanzo wa njia ya kurukia, ndipo wakawasha. Injini ya Kettenkrad ni ya gari la Opel Olympia, lita 1.5, mwendo kilomita 70 kwa saa. Mimi napenda akili iliyomo humo.

RubaniWaChini: Lakini dada, iliundwa kwa ajili ya askari wa miavuli, ipakiwe kwenye Ju 52, ndege yao ya mizigo. Kuvuta ndege ilikuja baadaye.

FundiGrisi: Akili ipo, ila sikilizeni yaliyonikuta. Rafiki yangu alinunua Kettenkrad, muuzaji akaapa kwamba minyororo ni mizima. Kwa macho ilikuwa mizima kweli, imepakwa rangi mpya inang'aa. Tumeenda mita 200, ikaanza kulia kama mlango wa ghala. Kila pingili ya mnyororo ule ina beringi za sindano, grisi na sili zake. Tukafungua ya kwanza: kutu. Ya pili: kutu. Upande mmoja una pingili 40! Baridi yote ile tulikaa chini tukigonga pini moja baada ya nyingine, nyingine zikakatika ndani. Muuzaji simu hapokei. Gari likasimama miaka miwili. Usilipe hata shilingi kabla hujafungua pingili tatu nne, tena uchague wewe, sio yeye.

NdegeYaMbao: Asante sana mkuu. Nilisahau kusema, ile Cletrac haina injini.

FundiGrisi: Jambo kama hilo ndilo la kuanza nalo, ndugu yangu!

RubaniWaChini: Bado nasema Cletrac. Injini itapatikana. Ila aendeshaye awe na leseni ya kundi H, huko Uingereza minyororo ina kundi lake.

MjukuuWaKongwa: Mmenikumbusha babu. Alifanya kazi kwenye mradi wa karanga Kongwa, ulioanza 1947. Vifaru vya Sherman viligeuzwa na kampuni ya Vickers ya Uingereza kuwa matrekta ya kung'olea visiki, vikaitwa Shervick. Babu alisema ardhi ya kule kiangazi ilikuwa ngumu kama saruji, ikila vyuma.

BintiSpana: Kumbe! Kuna mabaki yoyote huko bado?

MjukuuWaKongwa: Nikienda Desemba nitawauliza wazee.

NdegeYaMbao: Ukipata picha weka hapa tafadhali. Dada Spana, pini za Kettenkrad zinauzwa seti nzima au moja moja? Wenzangu wamegawanyika watatu kwa watatu.